Nyonga ya Mwalimu Revocatus

Jumapili ya pili ya Kwaresima, Mwalimu Revocatus Mayala alipiga magoti mbele ya waumini wa kigango chake kule Misungwi, akashindwa kuinuka. Sala ilikwisha, watu wakakaa, yeye akabaki chini ameshikilia ukingo wa meza. Alijaribu mara ya kwanza, maumivu yakamchoma kuanzia kinenani hadi gotini, akarudi chini. Akajaribu tena. Mwishowe wanaume wawili wa kwaya walitoka kwenye safu yao, wakamshika makwapani, wakamnyanyua kama watu wanaonyanyua gunia la pamba, wakamkalisha kwenye benchi. Aliendelea na mafundisho akiwa amekaa, jasho likimtiririka mgongoni, lakini hakuna aliyekuwa anamsikiliza. Wote walikuwa wanamtazama mguu.

Alikuwa na miaka hamsini na minane. Kazi ya ukatekista alikuwa ameifanya kwa miaka ishirini na sita. Padri alifika mara moja kwa mwezi. Jumapili nyingine zote ibada ilikuwa yake, na mazishi pia, na watoto wa komunyo ya kwanza, na mume na mke waliogombana wakataka mtu wa kuwasikiliza kabla hawajafika kwa balozi wa nyumba kumi. Vigango vilikuwa vitatu, naye alivizungukia kwa baiskeli, kiangazi na masika.

Miaka saba nyuma aligongwa na bodaboda, nyonga ya kushoto ikachomoka. Ilirudishwa hospitalini siku ya pili yake. Baada ya miezi miwili alikuwa anatembea, watu wakamshukuru Mungu, jambo likaisha. Lakini halikuisha. Maumivu yalipoanza tena, yalianzia gotini, kwa hiyo goti ndilo alilolitibu. Alilichua kwa dawa, akalifunga kitambaa, akameza vidonge vya duka la dawa hadi tumbo likaanza kumuunguza. Baiskeli akaiacha. Viatu akawa anavalishwa na mkewe Selina. Usiku alilala nusu amekaa, na alipogeuka usingizini alijiamsha mwenyewe kwa kilio. Watu walipomuuliza alisema ni uzee unabisha hodi.

Baada ya Jumapili ile Selina hakungoja ruhusa. Jumatatu alifunga nguo zao kwenye begi, wakaenda Mwanza, kwenye hospitali ya rufaa. Daktari wa mifupa, mtu mpole asiye na maneno mengi, aliiweka picha ya eksirei kwenye mwanga, akawaonyesha. Upande wa kulia kichwa cha mfupa wa paja kilikuwa cha mviringo, kimekaa ndani ya kikombe chake vizuri kama yai. Upande wa kushoto hapakuwa na yai. Kichwa kilikuwa kimebonyea na kulika, kama kipande cha sabuni kilichosahauliwa kwenye maji.

"Goti lako ni zima, mwalimu," daktari alisema. "Goti linalilia nyonga."

Akawaeleza kwamba ule mchomoko wa zamani ulikata njia ya damu, na mfupa usiopata damu hufa polepole bila mwenyewe kujua. Dawa ya kuufufua haikuwepo. Kilichowezekana ni kukiondoa hicho kichwa kilichokufa na kuweka kingine cha chuma: mhimili unaopigiliwa ndani ya mfupa wa paja, tufe dogo juu yake, na kikombe kipya upande wa nyonga. Alisema wengi wanaofanyiwa huondokewa na maumivu, ila hakuahidi. Vijidudu vinaweza kuingia. Damu inaweza kuganda mguuni. Na nyonga mpya, kabla nyama hazijaishika, inaweza kuchomoka mtu akikaa au akiinama vibaya.

Revocatus alidhani sasa atapewa tarehe. Badala yake aliambiwa afungue mdomo. Nyuma kabisa, upande wa chini, alikuwa na jino bovu, naye alikuwa amezoea kutafunia upande mwingine. Daktari alisema usaha wa jino husafiri kwa damu, na ukikuta chuma kipya ndani ya mwili unaweza kuweka makao hapo. Jino litoke kwanza, fizi ipone, ndipo waonane. Hiyo ilikuwa wiki tatu.

Wiki tatu hizo zilikuwa ndefu, na zilirefushwa na dada yake.

Getruda alimzidi miaka kumi na mmoja. Mama yao alifariki Revocatus akiwa na miaka minne, na kuanzia siku ile mgongo wa Getruda ndio uliokuwa nyumba yake. Alimlisha, alimwogesha, alimpeleka shule. Sasa alikuwa mjane aliyeishi Mirongo katikati ya jiji, kwenye nyumba aliyoachiwa na marehemu mumewe, na kwa kuwa ilikuwa karibu na hospitali, ilikubalika kwamba mgonjwa atauguzwa pale hadi aache magongo. Getruda alikubali kumpokea. Upasuaji wenyewe hakuukubali. Hakubisha na daktari wala hakulia. Aliuliza swali moja tu, akiwa anachambua mchele, bila kuinua macho: huo mfupa watakaoukata wataupeleka wapi?

Revocatus alimjibu kwa mzaha kwamba watampa mbwa. Getruda hakucheka. Na usiku ule swali likamwingia. Alikuwa amezika watu wengi mno, alijua namna ya kumwombea mtu mzima aliyelazwa ndani ya sanduku, lakini hakujua mtu afanye nini na kipande chake kinachomtangulia. Siku ya kulazwa alimuuliza daktari, kwa sauti ya chini ili Selina asisikie. Daktari alimjibu bila kushangaa, kama mtu aliyeulizwa hivyo mara nyingi: huteketezwa kwa moto, kwa utaratibu, wala hautupwi. Revocatus aliitikia kwa kichwa. Hakupata amani, lakini alipata jibu.

Jambo ambalo hakulitegemea ni kwamba angekuwa macho. Alichomwa sindano ya ganzi mgongoni, miguu ikapata joto, kisha ikawa mizito, kisha ikawa si yake. Akalazwa ubavu, pazia la kijani likawekwa mbele ya uso wake. Mtaalamu wa ganzi, aliyekaa upande wa kichwa, alimwambia kuwa hatasikia maumivu, ila atasikia kusukumwa na kuvutwa, na atasikia sauti. Akitaka kulala, aseme, ataongezewa dawa. Revocatus alisema atakaa macho. Mwanamume wa miaka hamsini na minane aombe kulazwa usingizi kama mtoto?

Kwanza alisikia msumeno. Haukuwa na kelele kubwa, ulikuwa kama wa seremala anayekata mbao laini, na ulikatika ghafla. Akajua kwamba sasa kile kichwa kimetoka. Baadaye ikaja kekee ya kuchimba kikombe, mwili wake wote ukatetemeka juu ya kitanda bila maumivu yoyote, na huko kukosa maumivu ndiko kulikomtisha zaidi. Halafu nyundo. Chuma kwa chuma, pigo moja, pumziko, pigo jingine, na kila pigo meno yake yaligongana. Alianza Baba Yetu akaipoteza katikati. Akaianza upya, akaipoteza tena palepale.

"Mwalimu," mtaalamu wa ganzi alimwinamia sikioni, "hakuna anayekupa zawadi kwa kuvumilia. Nikuongezee?"

"Niongezee," alisema.

Alipozinduka alikuwa wodini, na mto mnene ulikuwa umefungwa katikati ya miguu yake. Selina alikuwa ameushika mguu wa kitanda, kana kwamba kitanda ndicho kingeondoka.

Kesho yake asubuhi, kabla hajakubali kwamba yuko hai, alikuja binti mmoja mrefu, mtaalamu wa mazoezi ya viungo, jina lake Ajwang, mzaliwa wa upande wa Shirati. Alimwamkia vizuri, shikamoo mwalimu, akaitikiwa, kisha akamwambia wanasimama. Revocatus alidhani amesikia vibaya. Binti akarudia. Walisimama. Jeraha liliwaka moto, dunia ikazunguka, lakini yale maumivu ya zamani, yale yaliyokuwa yakimchoma kinenani kila alipokanyaga, hayakuwepo. Alikanyaga tena ili ahakikishe. Hayakuwepo.

Ajwang alimpa masharti, akayarudia kila siku hadi mgonjwa akayajua kama amri kumi. Asiiname kiuno kikakunjika kupita pembe ya mtu aliyekaa wima kitini. Asikunje nne wala kupitisha mguu mmoja juu ya mwingine. Asiuzungushe mguu wa kushoto kwenda ndani. Asikae kwenye kigoda, asichuchumae, asiokote kitu chini. Vidole vya miguu avichezeshe kila saa ili damu itembee, na vidonge vya kuzuia damu isigande asivikose. Halafu akashusha sauti kidogo, akamwambia lile ambalo, alisema, watu wa nyumbani hulisahau: muundi, yaani mguu chini ya goti, ukivimba, ukiuma, ukipata joto, asiruhusu mtu yeyote kuukanda. Apige simu. Namba aliiandika juu ya karatasi ya mazoezi, akaizungushia duara.

Siku ya tano waliruhusiwa. Nyumba ya Mirongo ilikuwa imeandaliwa. Kitanda kilikuwa kimenyanyuliwa kwa matofali, na kwa kuwa choo kilikuwa cha kuchuchumaa, seremala wa jirani alikuwa amechonga kiti kirefu chenye tundu katikati. Getruda alimpokea kwa uji wa ulezi na uso uliotulia. Mambo yalikwenda vizuri kiasi kwamba siku ya kumi na moja Selina alikwenda Misungwi kwa siku mbili, kwa kuwa mpunga ulikuwa umeiva shambani na ndege walikuwa hawangoji.

Siku ya kumi na mbili, mchana, Revocatus aliamka kwenye usingizi wa baada ya chakula akasikia muundi wa kushoto umekaza. Aliutazama. Ulikuwa mnene kuliko wa kulia, ngozi inang'aa. Aliubonyeza kwa ncha ya gongo, akauma midomo.

Alijiambia ni uvimbe wa kawaida. Ajwang mwenyewe alikuwa amemwambia mguu uliopasuliwa huvimba kidogo. Lakini Getruda alipokuja kuchukua sahani alisimama mlangoni, akautazama mguu, akaweka sahani chini akatoka. Alirudi baada ya muda na beseni la maji yanayofuka, kitambaa, na kikopo cha samli. Alivuta kiti, akakunja mikono ya blauzi.

Alisema damu imelala. Damu ikilala inaamshwa kwa moto na mkono, wala si kwa vidonge. Aliyasema hayo kwa upole, huku akikamua kitambaa, na Revocatus aliyajua maneno hayo tangu utotoni, aliyajua pamoja na harufu ya samli na joto la mikono ile. Kitambaa kilikuwa kinakuja. Alimwona dada yake akiinama. Alijua sharti, alilijua neno kwa neno, na bado mdomo wake ulikuwa mzito kuliko mguu, kwa sababu katika maisha yake yote hakuwahi kumwambia mwanamke huyu hapana.

"Dada, usinishike huo mguu."

Getruda alibaki na kitambaa hewani, maji yakidondoka sakafuni. "Umesema nini?"

"Usinishike. Walinikataza."

"Walikukataza mimi?"

Revocatus angeweza kumweleza habari ya damu iliyoganda, lakini kilichomtoka kilikuwa kikavu: kwamba watu wa hospitali wamesoma. Getruda aliangalia mikono yake mwenyewe. Akamkumbusha, bila kupandisha sauti, kwamba alipokuwa na miaka sita akavimba mguu huohuo, hapakuwa na msomi aliyelala naye sakafuni siku tisa. Kisha akatupa kitambaa kwenye beseni, maji yakaruka, akatoka uani.

Revocatus akabaki peke yake. Simu ilikuwa inachajiwa ukutani upande wa pili wa chumba, juu ya kigoda. Aliteremka kitandani kwa magongo, hatua nne, muundi ukimvuta kila alipokanyaga. Akafika. Akaitazama simu iliyolala kimo cha goti lake. Alijaribu kunyoosha mkono huku mgongo umenyooka, haukufika. Alijaribu kurudisha mguu wa kushoto nyuma kama alivyofundishwa, muundi ukakataa. Akainama kidogo, kidogo tena, na ndani ya nyonga akasikia kitu kikisogea, si maumivu, ni kama mlango unaojaribiwa. Akaganda hapohapo. Jasho lilimwingia machoni. Aliogopa kwenda chini na aliogopa kurudi juu.

"Dada," aliita.

Alisikia ndoo ikiburuzwa uani.

"Dada Getruda. Njoo unisaidie."

Alikuja. Alimshika kiunoni, akamnyoosha, akamrudisha kitandani, akamletea simu na karatasi. Ajwang alipopokea, Revocatus aliweka sauti kubwa ili wote wasikie. Binti aliuliza kwa haraka: mguu upi, umeanza lini, una joto, ukibonyezwa unauma? Kifua je? Pumzi inabana? Amekohoa? Revocatus alijibu moja moja. Kifua kilikuwa kizima, angalau alidhani hivyo.

"Kuna mtu ameukanda?" Ajwang aliuliza.

Kaka na dada wakatazamana.

"Bado," Getruda alijibu.

"Msiukande. Msiuguse kabisa. Mleteni sasa hivi, na asitembee."

Bajaji isingefaa, kiti chake ni kifupi. Getruda alitoka barabarani na kanga yake ya jikoni, akamsimamisha jirani mwenye gari, akasukuma siti ya mbele nyuma hadi mwisho, akaweka mto juu yake. Njia nzima Revocatus alikuwa anasikiliza pumzi zake. Kila alipovuta hewa alijiuliza kama ile ndiyo itakayobana. Kwenye mzunguko wakakuta foleni, dereva akapiga honi bila faida. Revocatus alifungua kioo, akavuta hewa, akahesabu. Nyuma yake Getruda alikuwa ameweka mkono begani kwake, na hakuutoa hadi getini.

Kipimo cha utrasaundi kilionyesha damu iliyoganda kwenye mshipa mkubwa wa muundi, pande refu kama kidole. Daktari alisema hutokea hata kwa anayemeza vidonge bila kukosa. Revocatus hakuwa na kosa, wala hapakuwa na wa kulaumiwa. Alichomwa sindano ya tumboni, akalazwa tena siku nne, akaandikiwa dawa za miezi mitatu. Getruda alitaka kujua, na daktari akamweleza pale pale mlangoni mwa wodi: pande kama lile likisukumwa hung'oka, hupanda na damu, hupita kwenye moyo, hukwama kwenye mapafu. Mtu anaweza kuwa anaongea nawe, akanyamaza.

Getruda alimshukuru. Aliingia wodini akakaa kwenye kiti cha wageni, mkoba mapajani.

"Maji yalikuwa tayari," alisema. "Ningekuua kwa mikono yangu, Revo."

Revocatus alitaka kumwambia kwamba yeye ndiye aliyechelewa kusema, kwamba alipaswa kumweleza tangu siku ya kwanza, badala ya kumficha masharti kana kwamba hayamhusu. Aliyasema hayo yote vibaya, yakigongana. Getruda alisikiliza, kisha akamuuliza hiyo karatasi ya mazoezi iko wapi. Alikuwa hajui kusoma haraka. Aliisoma kwa kidole, mstari kwa mstari, na pale asipoelewa alimuuliza nesi.

Miezi mitatu haikuwa rahisi. Kwa wiki kadhaa aliona kama mguu wa kushoto umekuwa mrefu kuliko wa kulia, akatembea kwa kuyumba, na Ajwang alimwambia misuli imezoea kuchechemea, itajifunza. Fizi zilivuja damu alipopiga mswaki kwa sababu ya zile dawa. Kuna siku alikata tamaa akakataa mazoezi, na siku mbili alimgombeza Selina bure. Lakini yalikuja pia mambo ambayo alikuwa ameyasahau: kulala usiku kucha, kugeuka upande, kuvaa kiatu mwenyewe kwa kijiti kirefu cha kuvutia. Magongo mawili yakawa moja, moja likawa fimbo. Jioni alitembea hadi daraja la mto Mirongo na kurudi, na wauza ndizi wa pale wakaanza kumpigia makofi ya utani.

Daktari alipomruhusu kurudi Misungwi alimwambia wazi kwamba vigango vitatu havirudi. Kimoja, cha karibu, kinatosha, na kwa miguu. Revocatus alilipokea hilo kwa uchungu ambao hakumwonyesha mtu. Alikuwa amedhani chuma kitamrudishia mwili wa zamani. Kilimrudishia usingizi, na hatua.

Siku ya kuondoka, Getruda aliwasindikiza hadi stendi. Alibeba begi mwenyewe, hakutaka Selina amsaidie. Basi lilikuwa limejaa nusu, na kondakta alikuwa anawapanga watu viti vya nyuma ili vya mbele wavipate wenye haraka. Getruda alipanda ngazi, akaketi kwenye kiti cha kwanza kabisa, kile kirefu chenye nafasi ya miguu, akaweka begi pembeni yake. Kondakta alimwambia mama kiti hicho kina mtu. Getruda alimjibu kwamba anajua, ni mdogo wake, anapanda taratibu. Alikaa hapo hadi Revocatus alipoziweza ngazi tatu, mguu mzima kwanza, kisha wa kushoto, kisha fimbo. Ndipo akainuka, akapangusa kiti kwa kanga, akampisha.